Mjusi-Samaki wa Ukutani kwa Baba

Mimi nina kinyaa. Nasema mapema ili mtu asije akanishangaa huko mbele. Nikimwona mjusi amejibanza nyuma ya kabati, chai inanishinda. Nikikuta ngozi ya nyoka kwenye mzigo wa kuni, kuni hizo haziwaki jikoni kwangu, wacha tulale na njaa. Na pamoja na hayo yote riziki yangu ni kufundisha baiolojia katika sekondari moja hapa Mpanda, na kila mwaka nasimama mbele ya kidato cha sita kuwafundisha reptilia. Maabara yetu ina chupa ya kinyonga aliyelazwa kwenye dawa tangu sijaajiriwa. Kifuniko kinavuja, dawa imegeuka rangi ya mkojo wa mgonjwa, na ngozi yake imeanza kumenyeka inaelea juu vipande vipande. Siku ya kumshika huyo nanawa mikono mara tatu, na mchana sili.

Katika reptilia wote yupo mmoja tu ambaye sikuwahi kumwonea kinyaa, kwa sababu alikufa zamani sana, akageuka jiwe, na hana harufu. Huyo anaitwa iktiosauri. Jina lake limeundwa kwa maneno mawili ya Kigiriki, moja samaki, jingine mjusi. Aliishi baharini enzi za dainosau, lakini yeye si dainosau, na nikisikia mtu anamwita dainosau wa baharini nasonya hadharani. Umbo lake lilikuwa la samaki kabisa: pezi mgongoni, mkia umesimama wima, miguu imegeuka makasia. Lakini matamvua hakuwa nayo. Alikuwa na mapafu, alipanda juu kuvuta pumzi, na alizaa watoto hai humo humo majini. Ni mjusi aliyerudi majini akavaa sura ya samaki. Samaki hakuwahi kuwa hata siku moja.

Na neno lenyewe lina mipaka, na kwenye mipaka hiyo mimi ni mkali. Ukisema Iktiosauria unataja kundi zima, ukisema iktiosauri unamtaja mnyama mmoja. Si kila mdudu mkubwa wa bahari ya kale ni iktiosauri. Yule mwenye shingo ndefu ana jina lake na ukoo wake, lakini walimu wenzangu hawaambiliki. Wananiletea video kwenye simu, wameiacha chai ipoe: "Madam, iktiosauri wako huyu hapa!" Nikiangalia, shingo ndefu utadhani twiga anaogelea. Nawarudishia simu yao bila neno.

Kila mwaka, hakosekani mtoto wa kuandika kwenye mtihani kwamba iktiosauri ni samaki wa zamani. Namchora msalaba mwekundu, na nusu alama simpi. Akija kulalamika kwamba jina lenyewe lina samaki ndani yake, namwambia jina ni jina tu, angalia mifupa. Wananiona nina roho mbaya. Sawa, na waone.

Nimeyasema haya yote ili ijulikane nilikuwa mtu wa namna gani mpaka Kwaresima hii iliyopita, mdogo wangu wa kiume aliponipigia simu kutoka nyumbani kwetu Karema, ufukweni mwa ziwa.

"Dada, mzee amegoma kula. Leo siku ya pili."

"Homa imerudi?"

"Homa hana, nimonia ilishaisha. Amegoma tu. Anasema mpaka uje."

"Nije nifanye nini? Mimi ni nesi?"

Nikasikia kuku wanalia upande wa pili.

"Kuna samaki alimla. Sasa anataka wewe umwambie ni samaki gani."

Ninamjua mdogo wangu. Akianza kusema polepole na kwa adabu, ujue ameshaharibu kitu. Nikamuuliza, ulimpa nini? Akasema we njoo tu, dada, mambo mengine si ya kwenye simu. Nikaomba ruhusa kwa mkuu wa shule, na Ijumaa alfajiri nikapanda basi la Karema, nikiwa nimefunga mdomo kwa mtandio kwa sababu ya vumbi na kwa sababu jirani yangu kitini alikuwa na kuku mwenye kuhara.

Hapa lazima nieleze habari ya baba, la sivyo mtu atasema mzee alikuwa anadeka. Baba alikuwa mvuvi, na baadaye akawa katekista kwa miaka mingi, mtu wa kusoma na kushika neno. Mdogo wangu alipokuwa kijana, mtumbwi aliokuwamo ulipotea ziwani. Injini ilikufa, upepo ukawasukuma, siku tatu hakuna habari. Watu walishaanza kumwambia mama akae matanga. Baba akashuka ufukweni, akapiga magoti kwenye mawe mbele ya watu wote, akasema kwa sauti: "Ukinirudishia mwanangu, Kwaresima zote nitakazojaliwa, siku zake zote arobaini, mboga yangu ni samaki na vinavyoota shambani, basi. Nyama sitaigusa." Kesho yake mtumbwi ukarudi, unasukumwa kwa makasia, mdogo wangu amekaa ndani midomo imepasuka.

Tangu siku hiyo baba hakuvunja. Ikitokea msiba wakati wa Kwaresima na watu wakachinja ng'ombe, baba alikwenda na dagaa wake wamefungwa kwenye gazeti, akila pembeni bila kumbughudhi mtu. Watani walimcheka, wakamwita paka, akacheka nao, akaendelea kula dagaa wake. Mama alipofariki, na ilikuwa Kwaresima, msibani kwa mke wake mwenyewe alikula hao hao dagaa. Hiyo nadhiri ndiyo kitu alichokuwa nacho. Nyumba yetu ni ya kawaida, shamba ni la kawaida, mtumbwi ulishaoza. Lakini hakuna mtu Karema asiyejua kwamba mzee yule alimwahidi Mungu kitu na hajawahi kumdhulumu.

Basi nikafika mchana, miguu imekufa ganzi. Mdogo wangu hakunipeleka kwa baba moja kwa moja. Alinipokea mkoba, akanizungusha nyuma ya jiko, na hapo ndipo aliposema, huku anachora chini kwa kidole cha mguu.

"Nesi alisema apate mboga ya kumpa nguvu. Na ziwa lilikuwa baya, dada, wiki mbili mitumbwi inarudi mitupu. Dagaa wanamkwaruza koo, anakohoa. Sasa akapita jamaa mmoja wa pikipiki, katokea huko Mpimbwe, amebeba mchele wa Majimoto, na chini ya gunia ana vitu vilivyokaushwa kwa moshi. Akaniambia huu ni mkia."

"Mkia wa nini?"

"Wa majini."

"Nimekuuliza wa nini!"

"Mamba."

Khaa! Yesu na Maria. Mamba! Mnyama anayekaa kwenye matope mdomo wazi, meno yamejaa ukoga, anayemvuta mtu majini akamficha chini ya mizizi mpaka alainike. Huyo ndiye kaingia tumboni kwa baba yangu.

"Hizo ni nyara za serikali, unajua hilo?"

"Punguza sauti, dada."

"Nipunguze sauti? Umemlisha baba mamba, ndani ya Kwaresima, wewe! Wewe ambaye hiyo nadhiri iliwekwa kwa ajili yako!"

Akaniangalia, na sikuona aibu machoni mwake, niliona mtu aliyejiandaa na hoja.

"Dada, tulia nikuulize. Mamba anaishi wapi? Si majini? Magamba anayo? Anayo. Mayai anataga? Anataga. Sasa?"

"Sasa nini?"

"Si samaki huyo? Halafu usinigombeze mimi, wewe mwenyewe ndiye uliandika."

"Niliandika nini?"

"Pale ukutani kwa baba. Mjusi-samaki."

Nikakumbuka. Nilipokuwa kidato cha tano, shule ya bweni, tulifanya maonyesho ya siku ya wazazi. Mkuu wa shule akasema maelezo yote yaandikwe kwa Kiswahili ili wazazi waelewe wanachokilipia. Mimi nikachora kwenye karatasi ya manila wanyama watatu wa majini wanaofanana umbo lakini si ndugu: papa, pomboo, na katikati, mkubwa kuliko wote, iktiosauri. Kiswahili chake sikukipata kwenye kitabu chochote, nikatunga mwenyewe, MJUSI-SAMAKI, kwa herufi kubwa nyekundu. Chini yake, kwa herufi ndogo nzuri za kalamu, nikaandika maelezo. Baba alikuja siku ile amevaa koti la katekista. Aliipenda picha ile mpaka akaiomba, akaibeba imekunjwa ndani ya kanga ya mama, akaigongelea ukutani chumbani kwake, kando ya Moyo Mtakatifu wa Yesu. Imekaa pale mpaka imekuwa ya kahawia kwa moshi. Na maelezo yale ya chini yanasema wazi: mnyama huyu aliitwa hivi kwa umbo lake tu, si samaki. Lakini mdogo wangu ni msomaji wa herufi kubwa, hajawahi kushuka chini zaidi ya hapo.

"Baba alijuaje?" nikauliza.

"Hakujua. Homa ilikuwa imemmaliza ulimi, na wifi yako aliweka karanga nyingi. Alikula siku mbili, akasema samaki mzuri. Siku ya tatu akauma mfupa."

Akaniambia bado kipo kilichobaki. Nikasema nionyeshe, kwa sababu mimi ndiye mwalimu, na nilitaka kuhakikisha isije ikawa yule mtu wa pikipiki alimdanganya. Akashusha karai lililokuwa limefichwa juu ya dari la jiko. Jamani. Harufu ya moshi ilikuwa ya juu juu tu. Chini yake kulikuwa na harufu nyingine, nzito, tamu tamu, ya matope na manukato yaliyochacha, na ile harufu ikanishika ndani ya pua ikakataa kutoka. Vipande vilikuwa vyeusi nje, ndani vyeupe, mafuta ya njano yameganda pembeni, na inzi wawili wamenasa kwenye mafuta wanahangaika. Kipande kimoja kilikuwa bado na ngozi. Nikakigeuza kwa kijiti. Magamba ya mraba, makubwa, yamepangana mstari kwa mstari, na chini ya ngozi vibamba vya mfupa. Hakuna samaki wa ziwa hili mwenye kitu kile. Nikarudisha kijiti chini, nikageuka, nikatema mate mpaka mdomo ukakauka.

"Padri amekuja?"

"Amekuja jana. Mzee akamweleza mashaka yake. Padri akacheka kidogo, akamwambia baba, hukujua, na kama hukujua hakuna dhambi, kula. Mzee akamjibu, Padri, mimi sikumwahidi Mungu kujua, nilimwahidi samaki. Padri akamwombea, akaondoka. Nesi naye kasema akiendelea hivi mpaka Jumapili hatuna mzee, mwili hauna akiba." Sasa macho yalimjaa machozi kweli. "Mimi haniamini tena. Kila tunachompikia anasema hajui tumeweka nini. Anasema katika nyumba hii mtu anayejua majina ya vitu ni mmoja tu. Mwambie ni samaki, dada. Neno moja tu. Ukisema wewe, atakula."

"Kwa neno hilo hilo nimewapa sifuri watoto wa watu miaka yote."

"Na hao watoto wa watu, kuna aliyekuwa anakufa njaa?"

Nilimchukia, nikakichukia kile kibanda cha jiko, nikamchukia na yule msichana wa kidato cha tano na kalamu yake nyekundu.

Baba alikuwa chumbani, ameegemea mto, dirisha liko wazi. Wiki chache nilikuwa sijamwona na tayari mashavu yalikuwa yameingia ndani, ngozi ya shingo imelegea, midomo ina magaga meupe. Nilipoinama kumsalimu nikasikia pumzi ya mtu mwenye njaa, ile pumzi chachu inayotoka tumboni. Baba yangu, mtu aliyekuwa akinukia sabuni siku zote. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akaniuliza wanafunzi hawajambo, akaniuliza mvua huko Mpanda. Kisha akaingiza mkono chini ya mto akatoa leso, akaifungua kidogo kidogo.

"Mwalimu," akasema. Tangu niajiriwe ananiita hivyo. "Nimevua ziwa hili tangu sijaota ndevu. Mgebuka, kuhe, kambale, wote nimewala mpaka kichwa. Huu mfupa sijawahi kukutana nao. Niambie ni wa nani."

Akaniwekea kiganjani. Ulikuwa kibamba cha mraba, mdogo, umetobokatoboka vishimo, na katikati una ukingo ulioinuka. Ulikuwa bado na mafuta ya mchuzi. Mwanafunzi wangu yeyote wa kidato cha sita angeutambua kabla sijamaliza swali. Nikaugeuza, nikaugeuza tena, nikajifanya naupeleka kwenye mwanga. Nilikuwa namwangalia baba, ile mishipa ya mikono, na namsikia nesi anasema Jumapili.

Nikasema, "Ni samaki, baba."

"Samaki gani?"

Hapo ndipo nilipotakiwa kuwa na jina, na jina lililokuja mdomoni lilikuwa moja tu. Macho ya baba yana ukungu, mwaka wa tatu huu hasomi tena, hata Misale anasomewa. Nikajipa moyo kwa hilo.

"Iktiosauri," nikasema. "Mjusi-samaki. Yule yule wa ukutani. Wamebaki wachache huko ziwa la Rukwa. Wana magamba ya mfupa, ndiyo maana hujawahi kuwaona huku."

Nilijisikia ninavyosema, sauti ile ile ya darasani, ya kujiamini, na nikajionea kinyaa ambacho hata kinyonga wa kwenye chupa hajawahi kunitia. Baba akageuza uso kidogo kuelekea ile karatasi, ambayo kwake sasa lazima ni doa tu la kahawia.

"Yule wa ukutani."

"Ndiyo, baba."

"Kumbe bado yupo."

"Yupo."

"Na ni samaki."

"Ni samaki, baba."

Akatikisa kichwa taratibu. Halafu akaita, kwa sauti yenye nguvu kuliko nilivyotarajia, akamwambia wifi yangu alete yule samaki aliyebaki, ampashe moto, na ugali. Mdogo wangu alikuwa mlangoni. Uso ulimng'aa, akakimbia yeye mwenyewe jikoni. Nami nikashusha pumzi, nikasema moyoni basi, limekwisha, uongo wangu nitaubeba mwenyewe nirudi nao Mpanda.

Sinia ikaja, maji ya kunawa yakaja. Ile harufu ikaingia chumbani kabla ya sinia. Baba akanawa. Akamega tonge dogo, akalibonyeza, akachukua kipande cha nyama ile nyeupe chenye mafuta pembeni, akakiweka juu ya tonge. Nikadhani anakipeleka mdomoni kwake. Akanyoosha mkono kwangu.

"Umetoka safari, hujala. Kula."

"Baba, mimi nimeshiba, nilikula njiani."

"Njiani kuna nini? Kula, mwanangu. Si samaki?"

Mdogo wangu alikuwa ananiangalia akiwa ameshika birika. Baba alikuwa ananielekezea macho yake yale ya ukungu. Tonge likawa linasubiri hewani, na mafuta yamechuruzika mpaka kwenye kidole gumba cha baba. Unajua tena, chakula ambacho mzazi anakulisha kwa mkono wake hakikataliwi kwetu. Nikafungua mdomo.

Sitasahau. Ilikuwa laini mahali pasipotakiwa kuwa laini, na ndani yake kuna nyuzi zinazoteleza kwenye meno. Mafuta yakatanda juu ya kaakaa, yakakaa. Ile harufu ya matope ikapanda kwa ndani, kutoka kooni kwenda puani, na nikaona mbele yangu lile domo lililo wazi na ukoga wake. Nikakaza mikono magotini, nikatafuna mara mbili, nikameza nzima nzima. Machozi yakanitoka.

"Mtamu?"

"Mtamu, baba."

"Ongeza."

Akanimegea la pili. Nikalila. Sijui nililimezaje, najua tu nililila, na jasho lilinitoka mpaka nyayoni, na nikabana midomo kwa mtandio nikijifanya najifuta.

Baba hakula. Aliweka mkono wake juu ya ukingo wa sinia, akakaa. Kisha akasema, kwa upole, kama anayemweleza mtu wa tatu:

"Wewe ulipokuwa mdogo ulikuwa unamumunya jicho la kuhe unacheka. Kichwa cha mgebuka ulikuwa unamnyang'anya mama yako. Samaki hujawahi kumlilia."

Nikainamisha macho kwenye sinia.

"'Mnyama huyu aliitwa hivi kwa umbo lake tu,'" baba akasema, na sasa sauti ilikuwa ile ya ukatekista, ya kukaririsha watoto wa Komunyo ya kwanza. "'Si samaki. Alivuta hewa kwa mapafu. Wote walikufa, na leo hakuna aliyebaki duniani.' Macho yangu hayasomi siku hizi, Mwalimu. Lakini hayo niliyasoma kila asubuhi wakati yanasoma."

Mdogo wangu akaweka birika chini. Mimi nilitaka ardhi inimeze.

"Nisamehe, baba. Niliogopa."

"Najua uliogopa. Na huyu naye aliogopa, ndiyo maana akanilisha." Akavuta pumzi. "Siku tatu nimekaa na jambo hili peke yangu. Huyu anasema samaki. Padri anasema si kitu. Nikasema ngoja aje anayejua. Atanishika mkono, ataniambia baba, umekula mamba, nadhiri yako imevunjika. Tutalia wote kidogo, nitakula. Ndicho nilichokuwa nasubiri. Nawe umetoka Mpanda yote hiyo, unaniletea samaki."

Nikaanza kulia kwa sauti, na sikujali. Mafuta yale bado yalikuwa mdomoni. Kila nikivuta makamasi nayasikia upya, na nikawa nalia na kukaribia kutapika kwa pamoja, kitu kibaya sana kwa mwanamke mzima mbele ya baba yake.

Baba aliniacha nilie. Akaisukuma ile sinia upande wa mdogo wangu. "Hiki kikazikwe. Mbali na kisima. Na wewe usiniletee tena mtu wa pikipiki." Halafu akamwambia wifi yangu amletee ugali mwingine kwenye sahani nyingine, na maharage, kama yapo. Yalikuwepo. Akataka maji, akanawa upya, akisugua kile kidole gumba kilichokuwa na mafuta mpaka kikatakata. Akafanya ishara ya msalaba. Akamega tonge, dogo sana, akalichovya, akalitafuna muda mrefu, na shingo yake iliyolegea ikapanda na kushuka. Mdogo wangu aligeukia ukuta, mabega yanamtikisika.

Baada ya tonge la tatu baba akatulia, akanitafuta kwa mkono mpaka akanipata bega.

"Kesho Jumamosi padri anaungamisha. Utanishika mkono twende, tukae foleni moja. Mimi nitaungama mamba." Akamega tonge jingine. "Wewe utaungama samaki."